Omuramba Ndani ya Injini

Saburi bin Hamidi hakuwa na mchezo na silinda hedi. Mambo mengine ya dunia ungeweza kumdanganya, ukamuuzia hata samaki aliyeoza naye akakushukuru. Lakini ukimletea injini iliyochemka, halafu umwambie, "Funga tu, fundi, nina haraka," alikutazama kana kwamba umemtukana mama yake. Nati za hedi alizilegeza moja moja, kidogo kidogo, akianza na za pembeni na kumalizia za katikati, na ole wake mtu amsemeshe kabla hajamaliza. Ukizifungua ovyo hedi inapinda, na hedi ikipinda umekwisha. Ufundi huo aliupatia jeshini, alikopelekwa kutengeneza malori wakati wa vita vya Hitla. Alirudi nao Bukoba, na zaidi ya huo alirudi na malaria na koti.

Baba yake alikuwa mtu wa pwani aliyekuja na wafanyabiashara, akaoa Mhaya wa Rubafu, akamsilimisha na kumwita Mastura, kisha akafa na kumwachia watoto wawili wa kiume. Saburi ndiye mkubwa. Mustapha alimfuata kwa mbali, kwa hiyo Saburi alimlea kama mwanawe. Alimpeleka chuoni akasome Kurani, na alipokua akamfundisha gari. Tena si kuendesha tu. Alimfundisha kusikiliza injini, kujua ikilalamika inalalamikia nini.

Na dereva miaka ile, jamani, usimfananishe na hawa wa leo. Akishuka kwenye lori watu walimpisha. Mustapha alikuwa dereva, na juu ya hapo alikuwa mcha Mungu mpaka kero. Unaijua nchi yetu: kila nyumba utakayoingia utakaribishwa kinywaji, na ukikataa wanakuuliza wamekukosea nini. Yeye alikataa kila mahali, akicheka, na hakuna aliyemchukia kwa hilo. Madereva wenzake walimwita Shehe Usukani.

Tabia hiyo ndiyo iliyompa mchumba. Mwalimu Lukmani wa Kashai, aliyefundisha watoto Kurani, alikuwa na binti anaitwa Shamsa, na alikuwa amewafukuza wachumba kadhaa mlangoni. Mustapha alimkubali. Alisema wazi mbele ya wazee: anampenda kijana huyu kwa mambo mawili, ana leseni mkononi na pombe hajui hata harufu yake. Harusi ikapangwa ifanyike msimu wa kahawa ukiisha.

Lori alilokuwa akiliendesha Mustapha lilikuwa la Mzee Rugemalira, mnunuzi wa kahawa, mwenye duka kubwa Kamachumu. Mhaya wa watu, mstaarabu, kofia kichwani, Kiingereza cha misheni mdomoni. Na mbahili! Rejeta ya lori lile ilikuwa inavuja. Saburi alimwambia kabla ya msimu, akamwambia msimu ulipoanza, akamwambia tena katikati ya msimu mbele za watu ili aone haya. Kila mara jibu lilikuwa lile lile.

"Ziba kwa sabuni, fundi. Msimu upite, tutaona."

Saburi aliziba kwa sabuni. Angefanya nini? Lori halikuwa la baba yake.

Basi siku moja Mustapha akapakia chumvi na mabati ya dukani, akaondoka Bukoba na taniboi wake, kijana wa kumsaidia, Privatus. Kuupanda mlima wa kwenda Kamachumu na mzigo ni kazi hata kwa gari zima. Kabla hawajaufikia mwinuko mkali, sabuni ikaachia na maji yakaisha. Debe la akiba lilikuwa tupu, na chemchemi ilikuwa bondeni huko chini. Mustapha akaona moshi kwenye migomba, akakimbilia huko.

Ilikuwa nyumba ya mama mmoja mjane, Ephrasia, Mkatoliki, mtu mwema kabisa. Mustapha akamwamkia kwa Kihaya, akaomba maji, anatweta, jasho linamtiririka. Sasa mtu wa mbali hawezi kuelewa kilichotokea hapo, lakini sisi tunaelewa. Msafiri akikuingilia na kiu, nawe una omuramba ndani, utampaje maji matupu? Utaonekana mchoyo. Watu watakusema mpaka kanisani. Na Ephrasia alikuwa na omuramba uliokamuliwa asubuhi ile ile, ule umajimaji mtamu wa ndizi mbivu, haujatiwa mtama, haujachacha, kinywaji cha watoto na wagonjwa. Akaleta kibuyu kikubwa kimezibwa kwa jani la mgomba. Mustapha akashukuru, hakufungua, akarudi mbio.

Akaumimina wote kwenye rejeta.

Mvuke ulipopanda ukinukia ndizi ndipo akajua. Afanye nini? Aliyekuwa na kiu ni gari, na gari limeshakunywa. Akawasha, akasema Bismillah, akapanda. Kwenye mwinuko mkali injini ikagonga, ikakohoa, ikazima. Breki ya mkono ikashindwa na mzigo. Privatus akaruka na gogo lake ili azuie gurudumu la nyuma, kama mataniboi wote walivyofanya kwenye milima. Safari hii lori lilimuwahi. Likamsaga mguu, likaenda kulala mtaroni, na chumvi ikamwagika barabarani.

Polisi walimshika, lori likavutwa mpaka gereji ya Saburi, na yote hayo Mustapha alimsimulia kaka yake bila kuficha hata neno. Saburi akamwambia, "Usiogope. Injini haisemi uongo. Nitaifungua mbele yao, waone wenyewe."

Maneno hayo aliyajutia maisha yake yote.

Siku ya kufungua walikuja gereji watatu. Alikuja Mzungu wa polisi aliyekuwa akikagua magari. Alikuja karani wake wa kumtafsiria, mtu wa kutoka kusini huko, amepiga pasi mpaka soksi, na Kihaya hajui hata kuomba njia. Na alikuja Mzee Rugemalira, ambaye hakungoja kuulizwa.

"Dereva kaendesha injini kavu," alisema. "Uzembe. Mguu wa yule kijana uko juu yake."

Mustapha alikuwa amesimama ukutani na askari. Saburi hakumtazama. Alianza na nati za pembeni. Alipokwisha kuzilegeza zote alizitoa, akaigonga hedi taratibu kwa nyundo ya mbao, ikaachia, akaiinua na kuilaza juu ya meza. Gasketi ilikuwa imeungua katikati, kati ya silinda na silinda. Akaiosha hedi kwa petroli, akaikausha, akasimamisha rula ya chuma juu ya uso wake, akamwita Mzungu ainame aangalie chini ya rula. Mwanga ulikuwa unapita. Hedi imepinda. Kisha akaipaka mafuta ya taa, akaifuta vizuri, akapuliza unga wa chaki juu yake. Wakangoja. Kati ya valvu mbili ukajitokeza mstari mwembamba wa mafuta, unatambaa kwenye weupe wa chaki. Hedi imepasuka.

"Haya si ya siku moja," Saburi alisema. "Injini hii imechemka, imechemka, msimu mzima. Ufa huu una kutu ndani yake, si mpya. Ugonjwa ni rejeta. Nilimwambia mwenye gari."

Karani alitafsiri kwa maneno machache, akipiga mwayo. Mzungu aliitikia kwa kichwa, lakini alikuwa ameshaona kitu kingine. Alitia kidole kwenye tundu la kupitishia maji, akakitoa kimepakaa kitu cheusi kinachonata kama sukari iliyoungulia sufuriani. Akakinusa.

"Hii nini?" aliuliza kwa Kiswahili chake.

Hapo ndipo Saburi angeweza kusema ni kutu. Ni uchafu, Bwana, ni grisi. Nani angembishia? Lakini Rugemalira amekwisha kusema injini iliendeshwa kavu, na hiki hapa kinachonata ndicho kinachoonyesha kwamba Mustapha alihangaika, alitafuta maji, alitia alichopewa. Saburi aliona Mungu amemletea shahidi ndani ya chuma. Akasema kwa furaha, maskini!

"Ni omuramba, Bwana. Aliomba maji akapewa omuramba."

"Omuramba ndiyo nini?" karani akauliza.

Saburi akatafuta neno. Kiswahili chake kilikuwa kizuri, cha baba yake, lakini baba yake alikuwa mtu wa minazi, hakuwa na neno la kitu hicho. "Ni maji ya ndizi," akasema. "Matamu. Yale ya kukamua, ambayo... kabla hayajawa pombe."

Karani akamgeukia Mzungu. Maelezo yote yale yakawa neno moja, tena neno ambalo Mzungu alilijua bila mkalimani.

"Pombe."

Mzungu akaandika kwamba dereva alipewa pombe njiani.

"Sikusema pombe!" Saburi alipaza sauti. "Nimesema kabla haijawa pombe!"

"Umesema pombe," karani akamjibu. "Masikio yangu ninayo."

Saburi akamgeukia Rugemalira. Huyu ni Mhaya. Huyu amelelewa kwa omuramba, mama yake alimkamulia akiwa mtoto na homa. Tena Kiingereza anakijua kuliko karani, lilikuwa jambo la kufumbua kinywa tu. "Tata," Saburi akamwita kwa heshima, kama unavyomwita baba, "nakuomba, mwambie. Omuramba si amarwa, si pombe. Unajua wewe."

Rugemalira alivua kofia, akaipangusa vumbi lisilokuwepo, akaivaa. Dereva akiwa mlevi, rejeta haina kesi. Mguu wa Privatus hauna kesi na mwenye gari. Hayo yote alikuwa ameyapiga hesabu pale pale, shetani mkubwa yule.

"Mimi mfanyabiashara," alisema. "Mambo ya ndizi waulize wanawake."

Mustapha alimwangalia kaka yake. Askari alipomshika mkono ndipo akauliza, kwa sauti ndogo, "Kaka, nani alikutuma useme?"

Saburi hakulala kwa hasira. Waulize wanawake? Haya, atawauliza. Akapanda baiskeli mpaka kwa Ephrasia. Yule mama aliposikia alishika kiuno.

"Ai waitu! Amarwa? Mimi nimpe mtoto wa watu amarwa, mchana, akiwa na gari? Wananionaje hao?"

Kesho yake alikamua omuramba mpya, akautia kibuyuni, akakifunika kwa jani, akaenda Bukoba na Saburi. Aliapa ataumimina mbele ya Mzungu auonje kwa ulimi wake, ndipo aibu iwashukie wenyewe.

Walifika bomani mapema, omuramba bado mtamu kama asali. Bwana mkubwa hayupo, karani akasema, yuko kwenye meli, njoo kesho. Na kibuyu kiache hapa, sasa ni ushahidi. Ephrasia akamwambia hawezi kukiacha, kitu hiki hakilali. Karani akamwuliza kama anataka kuifundisha serikali kazi, akakichukua, akakifungia kabatini, kwenye chumba cha bati ambacho mchana ni tanuri. Walikwenda kesho yake, wakaambiwa kesho. Wakaenda tena, wakaambiwa Bwana amechoka. Ephrasia alilala kwa Mastura, mama yao, na kila asubuhi alilalamika njia nzima, "Nisikilizeni leo, waitu, kinachacha kile. Kinachacha!" Saburi alimwambia karani maneno hayo hayo, kwa adabu, kisha bila adabu. Askari akamtoa nje.

Siku ya kesi kibuyu kililetwa mezani. Kilikuwa kimevimba jani. Hakimu, Mzungu mwingine, mzee na mpole, aliamuru kifunguliwe. Karani akalivuta lile jani, na povu likaruka fuuu, likamrukia kwenye shati lake la pasi, na harufu ikajaa baraza zima. Watu wakaangua kicheko. Hata askari alicheka. Alicheka mpaka akashikilia mlango.

"Kilipokuja kilikuwa kitamu!" Ephrasia alipiga kelele. "Ninyi ndio mmekipika! Ninyi!"

"Mama," karani akamwambia akijifuta, "je, hiki ndicho kinywaji ulichompa dereva?"

"Ndicho, lakini..."

"Amesema ndicho."

Ikaishia hapo. Mustapha alifungwa kifungo kifupi, akawa anafagia uwanja wa boma amevaa kaptula ya wafungwa, wenzake aliosoma nao chuoni wakipita na kutazama pembeni. Leseni ilifutwa. Privatus alitoka hospitali amekatwa mguu, anatembea kwa mkongojo, akaambiwa kwamba mlevi ndiye aliyemvunja mguu. Akaamini, kwa sababu mtu mwenye mguu mmoja anahitaji wa kumchukia. Mwalimu Lukmani alikuja mwenyewe kwa Mastura. Hakugombana. Alisema simhukumu kijana, Mungu ndiye anayejua, lakini binti yangu simpi mtu ambaye jina lake limesomwa barazani pamoja na pombe. Shamsa akaozwa Mwanza. Wanasema alilia, lakini alikwenda.

Na lile lori? Sikilizeni mjue dunia ilivyo. Rugemalira alilirudisha gereji ile ile, kwa fundi yule yule, maana hapakuwa na mwingine aliyeijua hedi kama Saburi. Safari hii alileta rejeta mpya, inang'aa, ndani ya sanduku la mbao. Pesa ya rejeta ilikuwepo muda wote! Saburi aliyachokonoa yale masizi matamu kwa msumari, tundu baada ya tundu, akitukana kimoyomoyo. Akafunga hedi mpya, akakaza nati kwa zamu, kutoka katikati kwenda pembeni, kama inavyotakiwa. Mkono ulimsihi aache moja imelegea. Hakuacha. Alijichukia kwa kutoacha, na angejichukia zaidi kwa kuacha, na Rugemalira alipokuja kulichukua alisikiliza injini ikinguruma, akasema, "Hii ndiyo kazi." Saburi alitema mate chini na kuingia ndani.

Mustapha alipotoka kifungoni alimaliza siku chache kwa mama yake bila kumsemesha Saburi. Saburi alimwomba radhi. Alimweleza kila kitu upya: gasketi, rula, chaki, karani, Rugemalira. Mustapha alimsikiliza mpaka mwisho kisha akasema, "Ungesema kutu." Akavuka kwenda Uganda, Masaka, akapata kazi ya kupakia magunia kwenye malori ambayo hakuruhusiwa kuyaendesha. Barua zilikuja kwa mama tu. Baadaye hata hizo zikakoma.

Saburi aliendelea na gereji. Alizeeka haraka, akawa mkali kwa wateja. Mtu akimwuliza injini ina nini, alikuwa anamwonyesha kwa kidole na kunyamaza. "Si una macho?" alikuwa anasema. Watu walidhani ana kiburi cha ufundi. Kumbe alikuwa anaogopa maneno.

Mastura alifariki mwaka mmoja kabla ya Uhuru. Salamu zilipelekwa Masaka kwa dereva wa basi, na hakuna aliyetegemea jibu. Maiti ilikwisha kuoshwa na kuswaliwa, jeneza liko njiani kwenda makaburini, Mwalimu Lukmani mwenyewe yuko mbele, Mustapha alipotokea. Amekonda, macho mekundu, viatu vya watu wawili tofauti. Alikuja akiyumba katikati ya barabara. Harufu ilimtangulia.

Wazee walisimama. Mwalimu Lukmani aligeuza uso. Saburi aliliachia jeneza kwa mwingine, akamwendea ndugu yake upesi ili amshike, amvute pembeni, amnawishe angalau uso, watu wasimwone. Mustapha akamtoa mkono. Akacheka, akamkaribia mpaka pumzi yake ikampiga Saburi usoni.

"Ninuse, Kaka," alisema kwa sauti ambayo kila mtu aliisikia. "Nusa vizuri, wewe fundi. Halafu waambie. Leo ukisema ni pombe utakuwa umesema kweli."

Watu wakasogea kando, na mlevi akapita kwenda kumzika mama yake.